Mbizi Hamsini na Moja za Mtaalamu

"Mama, hilo ni daftari tu, siyo cheti cha kifo!"

"Bado," nikamwambia. "Lipe muda hadi saa nne."

Binti yangu akapiga meza kwa kiganja, kalamu zikaruka. Tulikuwa tumeanza kugombana saa kumi na mbili na nusu tukipanga mitungi, na sasa ilikuwa saa moja na robo, tuko ofisini, mlango umefungwa, kana kwamba ukuta wa mbao wenye unene wa kidole ungezuia sauti yangu. Wateja walikuwa nje kwenye benchi, wakijifanya wanatazama bahari. Wateja walikuwa wawili tu siku hiyo. Mmoja alikuwa daktari wa meno, mwanamke mstaafu mwenye mbizi mia nne na ushee, ambaye huja kwetu mara mbili kwa mwaka na huongea kama maneno anayakodi. Wa pili alikuwa mchumba wa binti yangu. Huyo ndiye mwenye daftari.

Kazi yetu ni kuwapeleka watu wakaone papa. Si kwa kuchungulia kutoka kwenye boti. Tunashuka nao hadi mita ishirini na tano, tunapiga magoti kando ya mwamba, na papa wanakuja kutukagua. Biashara ina boti moja, ofisi, stoo ya vifaa, mume wangu wa kujaza hewa, binti yangu wa kuwaongoza watu chini, na mimi nahodha. Ukutani kuna karatasi ya masharti niliyoiandika mwenyewe, na sharti la kwanza ni kwamba mtu awe na mbizi hamsini zilizoandikwa na kugongwa mhuri. Sikuliweka pale kwa sababu ukuta ulikuwa unaona baridi.

Kila mpiga mbizi ana daftari. Akishuka, anaandika tarehe, mahali, kina, dakika, hewa aliyoanza nayo na aliyorudi nayo, na alichokiona. Kiongozi aliyeshuka naye anatia saini na kugonga mhuri wenye namba yake. Mimi huyakagua madaftari hayo kila asubuhi kabla mtu hajakanyaga boti. Watu hudhani naangalia idadi. Naangalia hewa. Idadi mtu anaweza kukudanganya. Mapafu yake yatakwambia yeye ni nani.

"Ukurasa wa kwanza hadi wa kumi na tisa," nikasema, nikilifungua tena, "mwenzetu anatumia karibu mtungi mzima kwa dakika ishirini na nane. Anavuta hewa kama anayekimbizwa na mwenye nyumba. Halafu ukurasa wa ishirini, muujiza. Dakika arobaini na tano, na anarudi na nusu ya mtungi. Wa ishirini na moja, hivyo hivyo. Wa ishirini na mbili, hivyo hivyo. Mbizi thelathini na mbili mfululizo anapumua kama mtoto mchanga aliyeshiba. Kalamu moja. Wino mmoja. Na kila tarakimu ya saba ina kamstari katikati, kama saba zako ulizofundishwa shule na mimi ndiye niliyelipa ada."

"Watu huboreka, Mama."

"Wanaboreka, ndiyo. Lakini tarehe sita, saba, nane na tisa za mwezi uliopita, injini ya boti ilikuwa mezani jikoni kwangu, vipande vipande, sisi tunakula tumeweka sahani magotini. Na tarehe hizo hizo mchumba wako, soma hapa, 'aliona papa wanane, watulivu sana.' Aliwaona wapi? Kwenye sinki?"

Binti yangu si mwongo kwa asili. Ndiyo maana akidanganya hufanya kazi chafu namna hii.

"Uligonga mihuri yote thelathini na miwili kwa mkupuo, au ulipumzika katikati upate chai?"

"Jumapili moja," akasema taratibu. Kisha akainua kichwa. "Mama, sikiliza. Nimeshuka naye mwenyewe mara kumi na tisa. Namjua. Kuvua miwani chini ya maji anajua, kupumulia kipumulio cha mwenzake anajua, kusimama majini bila kupiga mikono anajua. Unadhani mbizi ya hamsini inamwotesha mtu pafu la tatu?"

"Haimwoteshi. Inampa nafasi thelathini na mbili za kukosea mahali ambapo kukosea ni aibu tu."

"Papa hawajawahi kumgusa mteja wetu hata mmoja."

"Nani kataja papa?"

Hili ndilo jambo ambalo watu hawapendi kulisikia, maana wengi wamekuja kwa ajili ya hofu na ukiwaondolea wanaona wameibiwa. Papa si tatizo. Papa anakuja, anakutazama, anaona wewe ni kitu cha mpira kisicho na ladha, anaendelea na safari zake. Tatizo ni mtu ambaye papa amemgeukia kidogo tu, naye akaamua kwenda nyumbani, tena kwa njia ya mkato, juu moja kwa moja. Kutoka mita ishirini na tano, amebana pumzi, hewa inapanuka kifuani kama puto. Hapo huhitaji meno ya mtu yeyote. Mteja wa kawaida akifanya hivyo, kiongozi anamshika pezi, anamzuia, anampandisha kidogo kidogo. Binti yangu ameshafanya hivyo mara tatu, kwa mkono mmoja, bila kumpoteza mteja mwingine. Lakini huyu si mteja wa kawaida. Huyu angepaa, mwanangu angepaa naye, akili ameiacha chini, na mimi ningebaki juu nikingoja kuona nani ameibuka na damu mdomoni.

Sikumwambia hivyo. Nilimwambia, "Haendi."

"Mama, nataka aone." Sauti ilimbadilika. "Hakuna lingine. Kila jioni narudi namsimulia, naye ananisikiliza kama anasikiliza utabiri wa hali ya hewa. 'Ehe. Mkubwa? Ehe.' Miezi mitatu ijayo tunaoana. Nataka angalau mara moja aone ninakokwenda kazini."

"Nimeolewa na baba yako miaka ishirini na tisa, na papa pekee aliyewahi kumwona ni wa kwenye kalenda."

"Ndiyo, na mnaongea nini nyie wawili? Mitungi!"

Mlango ukagongwa. Mume wangu akaingiza nusu ya uso. "Mitungi tayari. Samahani. Naona mnazungumza."

"Tunagombana."

"Aa. Basi mimi nitaikagua kompresa."

"Umeshaikagua."

"Nitaikagua tena," akasema, na uso ukatoka. Ni mume mzuri. Kompresa yetu ya kujazia mitungi ndiyo inayokaguliwa kuliko zote duniani.

Binti yangu akachukua vifaa vyake, suti ya mpira, viatu, mapezi, kila kitu kwa mkono mmoja, akatoka bila kufunga mlango. Nikamsikia akiwaambia wateja kwa sauti tamu ya kazini kwamba tunaondoka baada ya dakika ishirini. Wateja, wingi. Alikuwa bado ananipima.

Nikaenda stoo kupima mikanda ya uzito. Nilikuwa nimeshika mkanda wa Daktari alipoingia Mtaalamu, yaani yule mchumba.

Jina la Mtaalamu nilimpa mimi, siku ya kwanza alipoletwa nyumbani kutambulishwa. Alisimama jikoni kwangu akanieleza, kwa upole na kwa ishara za mikono, namna bora ya kukata kitunguu. Baadaye akamweleza mume wangu jinsi pampu zinavyofanya kazi. Si kijana mbaya. Anafanya kazi ofisi ya bima na anajua mambo mengi. Shida ni kwamba hajui yapi.

Siku hiyo alikuwa amevaa kila kitu kinachouzwa. Suti mpya, glovu mpya, tochi mbili za kuangazia saa mbili za asubuhi, kamera kifuani, na mguuni kisu ambacho kingetosha kuchinjia ng'ombe wa harusi yake. Akafunga mlango nyuma yake, akauegemea.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba. Uliniamkia saa kumi na mbili."

"Nakuamkia tena." Jasho lilikuwa linamtiririka, ingawa stoo yetu ni baridi kama kisima. "Mama, nina ombi. Nikataze."

"Nikukataze nini?"

"Kwenda. Nikataze kwenda. Sema vifaa vyangu vibovu. Sema nina presha. Sema lolote, Mama, wewe hukosi la kusema."

Nikauweka chini ule mkanda. Saa nzima nilikuwa nimekauka koo nikimzuia mtu asiende mahali ambapo mwenyewe hataki kwenda.

"Tangu lini hutaki?"

"Tangu mbizi ya tatu." Akakaa juu ya kreti. "Mimi napenda kupanda, Mama. Ile kupanda, unaona mwanga, unaona boti, hapo moyo wangu unafurahi kweli. Kushuka ndiko sikuwezi. Nikishuka naanza kuhesabu. Nahesabu pumzi, nahesabu dakika, nahesabu ndugu zangu."

"Na hizi thelathini na mbili?"

"Aliniletea siku yangu ya kuzaliwa. Kalifunga daftari kwa karatasi ya maua, kaweka na utepe. Nimefungua nakuta nimeshazamia mara hamsini na moja." Akanitazama kwa huruma ya kujihurumia. "Ungekuwa wewe, ungesema nini?"

"Ningesema nina kumi na tisa."

"Alikuwa anacheka kwa furaha, Mama."

"Na papa wanane watulivu sana?"

"Aliandika yeye. Mimi kwenye zangu nimeandika 'hofu kidogo.' Kaangalie. Kila ukurasa."

Ni kweli. Nilikuwa nimeona. 'Samaki wa njano, hofu kidogo.' 'Kasa, hofu kidogo.' 'Mchanga, hofu kidogo.' Nilidhani ni unyenyekevu.

Sitajifanya kwamba sikushawishika. Ilikuwa rahisi mno. Ningeshika kipumulio chake, ningesema kinavuja, ningetikisa kichwa, na mambo yangeisha. Binti yangu angeninunia, lakini ananinunia tangu alipoota jino la kwanza na bado tunaishi. Mtaalamu angebaki na sifa zake na kisu chake. Kila mtu angepata alichotaka, na ningekuwa mtu wa tatu kudanganya katika familia moja kabla ya saa tatu asubuhi. Na Jumamosi ijayo? Kipumulio kingetengenezwa, na angekuja tena stoo kuniamkia mara mbili.

"Mdomo unao," nikamwambia. "Nenda kautumie."

"Atakasirika."

"Atakasirika sana. Ana mdomo kama wangu, ila wake bado mpya. Sasa kama huwezi kumwambia mwanamke unayetaka kumwoa kwamba unaogopa samaki, siku mtoto wenu ana homa na wewe umesahau dawa utamwambia nini? Kwamba papa walikuwa watulivu?"

"Papa siyo samaki wa kawaida, Mama."

"Toka stoo kwangu."

Alitoka. Nikampa muda. Tena nilimpa na njia, maana kwenye gati, kabla ya kupanda boti, binti yangu hutoa maelezo, na mwisho wa maelezo huuliza kama kuna mtu ana neno. Mtu mwenye akili timamu angeitumia nafasi hiyo.

Maelezo anayatoa vizuri, sina budi kusema. Alisimama mbele yao nywele amezibana, mkononi kile kijiti cheupe cha plastiki ambacho kiongozi hukitumia kumsukumia mbali papa aliyezidisha udadisi. Tutashuka kwa kamba, akasema. Tutakaa mgongo kwenye mwamba, mikono kifuani, hakuna kunyooshea kidole chochote kisicho chako. Vitu vya kung'aa vinabaki kwenye boti. Papa akikukaribia mtazame, usimpe kisogo, usikimbie, huwezi kushinda. Mkondo ukizidi tunarudi kwenye kamba wote. Hewa ikibaki robo ya mtungi mniambie, siyo mjiambie wenyewe. "Kuna mwenye neno?"

Daktari akauliza mkondo leo unasukuma upande gani. Swali la mtu aliyeshuka mara mia nne. Akajibiwa.

Mtaalamu akainua mkono. Nikajisemea, haya.

"Hao papa," akasema, "wameshapata kifungua kinywa?"

Binti yangu akacheka. Daktari akatabasamu upande mmoja. Mtaalamu akacheka kuliko wote, uso una rangi ya saruji mbichi. Kisha akapanda boti.

Sikumzuia. Kukaa kwenye boti si kosa. Hata viti vinakaa. Nikawasha injini, mume wangu akatupa kamba na kutupungia kwa furaha ya mtu anayebaki nchi kavu. Nilishaamua kwamba nikifika kwenye boya letu huyu bwana hajasema, nitasema mimi, mbele ya watu, tena kwa mpangilio, kuanzia sinki. Safari ni dakika thelathini na tano. Mara tano nilimwona akimgeukia binti yangu na kufungua mdomo. Mara tano binti yangu alimwambia kitu kwa furaha na kumwonyesha maji, na mdomo ukafungwa. Alikuwa kama mtu anayejaribu kutoka dukani bila kununua.

Tulipofika nikafunga boti kwenye boya, nikazima injini. Maji yalikuwa safi. Kamba ilionekana ikishuka hadi inapopotea kwenye buluu. Wakaanza kuvaa. Kabla ya kuruka, watu hukaguana wawili wawili: jaketi, mikanda, hewa, vifungo. Binti yangu alimpanga Daktari amkague Mtaalamu.

Daktari akashika kipumulio chake, akakivuta, kikatoa hewa. Akagusa vifungo. Kisha akaacha kukagua vifaa, akamtazama usoni, kama vile amemwambia afungue mdomo.

"Unaogopa," akasema.

"Hapana, hapana. Ni baridi kidogo."

"Baba, nimekaa miaka thelathini na moja nikitazama watu wanaoniambia hawaogopi. Wote walikuwa wameshika kiti kama ulivyoshika huo ukingo."

Mtaalamu akaangalia mkono wake. Ulikuwa umeng'ang'ania ukingo wa boti kwelikweli. Binti yangu aligeuka, amevaa tayari, miwani shingoni.

"Kuna nini?"

Nikafungua mdomo. Nikaufunga. Naomba nihesabiwe hilo, maana si jambo linalotokea mara nyingi.

"Sitaki kushuka," Mtaalamu akasema. Sauti ilitoka ndogo, kisha ikakua. "Leo sitaki, na siku nyingine sitaki. Sikutaka hata ile ya ishirini, ndiyo maana haikuwepo. Naogopa, mpenzi. Naogopa tangu mwanzo. Niliandika kwenye daftari kila mara, nikadhani utasoma."

Binti yangu akasimama kama aliyemwagiwa maji. "Nilidhani ni utani."

"Mara kumi na tisa?"

"Sasa mbona hukuniambia? Mbona ulipokea?"

"Ulileta na utepe!"

"Mtu anaweza kukataa zawadi!"

"Wewe ulishawahi kukataliwa nini, na nani akapona?"

Hapo nilimpenda kidogo. Binti yangu macho yalijaa, akayapangusa kwa glovu, glovu ina chumvi, yakajaa zaidi. Akageuka upande wa bahari. Boti iligonga boya taratibu. Kisha akavuta pumzi, akavaa ule uso wake wa kazini.

"Sawa," akasema. "Sawa. Yeye abaki na Mama. Daktari, tujiandae, tunashuka wawili."

Na ingeweza kuishia hapo. Mwoga amesema kweli, daftari limebaki daftari, mbizi inaendelea. Hata Daktari alikuwa ameshaanza kuvuta miwani. Mimi nilikuwa namtazama mwanangu vidole. Vilikuwa vinahangaika na kifungo ambacho amekifunga mara elfu, na alikosa, akakosa tena.

"Vua," nikamwambia.

"Nini?"

"Vua mtungi. Leo hushuki."

"Mama! Yeye ndiye kaogopa. Mimi nimekosa nini?"

"Thelathini na mbili."

"Tumeshayamaliza hayo! Hashuki, si ndicho ulichotaka?"

"Hicho ndicho nilichotaka saa moja. Sasa ni saa tatu na nusu." Nikateremka kutoka kwenye usukani. "Aliyeogopa ameandika 'hofu kidogo' mara kumi na tisa, kwa mkono wake. Wewe uliyaona maneno hayo, ukaandika papa watulivu juu yake na kugonga mhuri. Umeacha kumsoma mteja ukasoma unachokitaka wewe. Chini kule, kazi yako yote ni kusoma watu. Mtu anakuonyesha macho tu, hana sauti."

Nikamgeukia mteja wangu, maana ana haki yake.

"Daktari, kiongozi wako aligonga mihuri ya uongo, na sasa hivi analia. Siwezi kukupeleka chini naye. Ukitaka turudi, tunageuza boti na utakuja siku nyingine, bure. Ukitaka kushuka, utashuka na mimi."

Daktari akafikiri. "Wewe una mbizi ngapi?"

"Elfu tatu na kitu. Niliacha kuhesabu."

"Zina mhuri?"

"Za mwanzo zina mhuri wa mzee aliyenifundisha. Nyingine mashahidi ni papa."

"Watulivu?"

"Inategemea wewe utakavyokaa."

"Twende," akasema, na kumaliza maneno aliyokodi kwa siku hiyo.

Vifaa vya nahodha huwa kwenye boti siku zote kwa ajili ya dharura. Nikavuta suti yangu. Sitaeleza kilichotokea kati yangu na suti hiyo. Nina miaka hamsini na minne na tulielewana mwishoni. Binti yangu alikuwa bado amesimama na mtungi mgongoni. Nilijua ninachofanya. Bila yeye, katika msimu wenyewe, biashara yetu ina kiongozi mmoja, naye ana magoti mabovu. Nilijua na mume wangu atakavyosema: hatasema kitu, ataikagua kompresa.

"Mhuri uko wapi?"

Akaingiza mkono kwenye mfuko wake usioingia maji, akautoa, akaushika kidogo. Kisha akaniwekea kiganjani. Nikautia kwenye sanduku la dawa, nikafunga. Nikachukua daftari la boti, ambamo nahodha huandika kila safari ameshuka nani na nani amebaki juu. Nilikuwa nimeshaandika asubuhi. Nikakata mstari juu ya kiongozi, nikaandika mimi. Nikakata mstari juu ya nahodha, nikaandika yeye, nikatia saini, nikampa kalamu.

"Tia yako."

Akatia. Kisha akafungua vifungo vya jaketi, mtungi ukashuka sakafuni, Mtaalamu akaruka kuudaka kabla haujamwangukia mguuni. Akaudaka vizuri, kwa kweli.

"Karatasi ziko chini ya kiti," nikamwambia binti yangu. "Chama cha viongozi wa mbizi kinataka barua, siyo simu. Waandikie mihuri mingapi, tarehe zipi, na kwa nini. Wao ndio wataamua mhuri unarudi lini. Una dakika arobaini, na usiandike mwandiko wa haraka, sitaki waisome vibaya."

"Mama, nikiandika nitaangaliaje mapovu yenu?"

"Mapovu ataangalia huyu." Nikamshika Mtaalamu bega, nikamkalisha ubavuni. "Wewe unapenda kuhesabu. Hesabu. Mafungu mawili ya mapovu, la kwangu na la Daktari. Ukiona moja limekosekana, mwambie nahodha. Usimweleze chanzo, usimshauri. Mwambie tu."

"Ndiyo, Mama."

"Na hicho kisu kivue, utachana kiti."

Binti yangu alikuwa ameshakaa, karatasi gotini, ubao wa maelezo chini yake kama meza. Nilimwona akiandika tarehe juu kulia, akiweka kamstari katikati ya saba. Hakuinua kichwa. "Mkondo unatoka kushoto kwako," akasema. "Ukifika mita kumi na tano utausikia. Usiachie kamba mpaka uone mwamba."

"Nimekusikia, nahodha," nikamjibu.

Nikachukua kijiti cheupe, nikakaa ukingoni mgongo kwa maji, Daktari kando yangu. Nikakagua hewa yake, akakagua yangu. Nikatia kipumulio mdomoni, ambacho ndicho kitu pekee duniani kinachoweza kuninyamazisha dakika arobaini, nikashika miwani kwa mkono mmoja, na tukajirusha kinyumenyume.